Kufungua LLC ya Wyoming ukiwa Kampala bila kupitia kwa mtu, haya ndio maoni yangu

Nianze na bei, maana hapo ndipo watu wanaliwa sana hapa Kampala. Kusajili LLC, aina mojawapo ya kampuni za kule, kwenye jimbo la Wyoming kule Marekani ni dola 100, ukilipa onlaini wanaongeza dola chache za kadi, basi, imeisha. Kwa hela yetu ni kama laki tatu na nusu na kitu, inategemea dola imeamkaje siku hiyo. Sasa kuna mtu mwenye ofisi mjini, jina lake naliacha, alitaka milioni mbili na nusu kwa kazi hiyohiyo na alipoona nasitasita akaniambia, "Nyabo, hii kitu huwezi kufanya peke yako, kule lazima uwe na mtu wao." Si kweli. Nimeifanya mwenyewe nikiwa Ntinda, laptopu iko kwenye meza ya kukatia vitambaa, na hiyo ofisi ya Wyoming haikuniuliza hata mara moja mimi ni raia wa wapi.

Kazi yetu kwa ufupi, mimi na dada yangu mkubwa tunachora paterni za kushona, gomesi, magauni ya kitenge, suti za watoto, tunaziweka kwenye PDF, mtu ananunua anaprinti anakata anashona. Wateja wengi ni Waganda walioko nje, Waltham kule karibu na Boston, London, Toronto, na siku hizi hata watu ambao hawajawahi kufika Afrika lakini wanapenda kitenge. Mtu anataka paterni ya dola 12 utamwambia apange foleni Western Union? Anataka aweke kadi yake, abonyeze, apate faili saa hiyohiyo. Na Stripe, ambayo maduka mengi ya onlaini yanaitumia kupokea kadi, haifungui akaunti kwa biashara iliyosajiliwa Uganda. Ndio tukaanza kuulizia LLC ya Marekani. Sikutaka sifa ya kusema niko na kampuni Amerika, nilitaka kadi za wateja zipite.

Kitu cha kwanza ambacho mabroka hawakuelezi ni kwamba Marekani haina ofisi moja ya nchi nzima ya kusajili kampuni kama URSB yetu ya Uganda. Hapa kwetu ukishasajili pale Kololo kampuni ni ya Uganda yote, kule kila jimbo linaandikisha kampuni zake lenyewe, na kwenye majimbo mengi ofisi inayofanya hiyo kazi inaitwa Secretary of State, usiichanganye na yule wa mambo ya nje wa Washington. Unachagua jimbo, unapeleka fomu moja na ada, wanaiingiza kwenye rejista yao, una kampuni. Serikali kuu unakutana nayo baadaye kwenye namba ya kodi. LLC yenyewe ilianzia hukohuko Wyoming mwaka 1977 ndio majimbo mengine yakafuata mmoja mmoja, na faida yake ni kwamba madeni ya kampuni hayavuki kuja kugusa nyumba yako wala kiwanja chako, lakini kwenye kodi za Marekani LLC ya mtu mmoja wanaichukulia kama haipo, wanamtazama mwenyewe. Kwa sababu hiyo nimeiandika kwa jina langu peke yangu na dada analipwa kazi yake, maana wenye kampuni wakiwa wawili inageuka ubia, na ubia una fomu yake ya kodi, 1065, ambayo ni kazi kubwa zaidi. Tulikaa tukakubaliana hivyo kabla, na nashauri mkubaliane kabla, hasa mkiwa ndugu.

Kwa nini Wyoming na si Delaware ambayo kila mtu anaitaja? Hesabu tu. Delaware kuandikisha ni dola 110 lakini kila mwaka mwisho tarehe 1 Juni wanataka dola 300, uwe umeuza ama hujauza hata paterni moja. Wyoming ripoti ya mwaka ni dola 60 kwa kampuni ndogo. California kima cha chini ni dola 800 kila mwaka, kwa biashara ya faili za dola 12 hiyo ni kujiua. Florida ni dola 125 kuingia, ripoti ya mwaka dola 138.75, na ukipitisha tarehe 1 Mei bila kuipeleka faini ni dola 400, yani faini inazidi ada mara mbili na zaidi. New Mexico ndio bei ya chini kuliko hao wote, dola 50 na hakuna ripoti ya mwaka, na kama wewe hela imebana kabisa angalia huko, mimi nilienda Wyoming kwa sababu mawakala wake ni wengi wanashindana bei, na rejista yao ni rahisi kutafuta, na majina ya wenye kampuni hayawekwi hadharani. Delaware waachie wale wanaotafuta wawekezaji wakubwa, na hao mara nyingi hawataki LLC, wanataka kampuni ya hisa.

Sasa wakala. Hapa ndipo lazima utoe hela kwa mtu, na ni halali. Wyoming na majimbo karibu yote yanataka uwe na wakala mwenye anwani ya kweli ndani ya jimbo, mlango na namba, si sanduku la posta, mtu anayekuwepo saa za kazi kupokea barua za serikali na za mahakama kwa niaba yako. Wyoming wengi wanatoza kati ya dola 25 na 150 kwa mwaka. Wangu alikuwa upande wa bei ya chini, alijibu imeli haraka, aliskani barua za kwanza bila kuongeza kitu, lakini mwaka wa pili bei ilipanda na sikuwa nimeambiwa ningojee hivyo, na barua yoyote isiyo ya serikali analipisha kuiskani. Kwa hiyo ukichagua wakala usiangalie bei ya mwaka wa kwanza, uliza ya mwaka wa pili kwa maandishi, na uliza barua ngapi zinaskaniwa bure. Alafu muhimu, mpate wakala KABLA hujafungua fomu, kwa sheria lazima awe amekubali kuwa wakala wako, usiokote jina kwenye orodha ukalibandika.

Kuandikisha kwenyewe nakupa picha ilivyo, maana hiki ndicho watu wanauziwa kama ni sayansi ya roketi. Unaingia tovuti ya Secretary of State wa Wyoming, unaanza na kutafuta jina. Jina letu la kwanza lilikuwa karibu sawa na la kampuni nyingine tukaongeza neno la Kiganda na likawa letu peke yetu, hakuna Mzungu alikuwa amelichukua. Jina lazima liwe na LLC ama maneno yake kamili, na ukitia maneno kama benki, bima ama chuo kikuu kwa Kiingereza unajitafutia maswali. Baada ya hapo unachagua aina ya kampuni, unaandika wakala, unaandika anwani ya barua na anwani ya ofisi kuu, hii ya pili niliandika Ntinda yetu, Kampala, Uganda, ikakubali vizuri. Hakuna sehemu ya kuweka pasipoti. Hakuna picha. Hakuna kiapo cha wakili wala mhuri wa mtu yeyote, wakati yule bwana wa mjini alikuwa ameweka laki mbili za "mhuri wa Amerika" kwenye karatasi yake ya bei. Mwisho unaandika jina lako kama saini, na juu yake kuna maneno ya kukuonya kwamba kupeleka habari za uongo ni kosa la jinai, hayo yasome polepole usipite tu, anayeyawekea sahihi ni wewe.

Nililipa kwa kadi ya Visa ya benki yangu ya hapahapa. Umeme ukakatika dakika hiyohiyo, modemu ikazima, simu ikaleta meseji hela imetoka na mimi sijaona ukurasa wa mwisho. Dada akasema "mdogo wangu, zimeenda hizo." Nikawasha data kwenye simu nikarudi kwenye rejista nikaandika jina la kampuni, lilikuwa lipo, limeshapata namba na limeandikwa hai. Nilishika kichwa kwa furaha. Cheti ni PDF chenye nembo ya jimbo na saini ya Secretary of State, unakipakua, hakuna wa kumfuata, hakuna njoo kesho. Hii ndio sehemu nampa nyota zote tano bila kufikiria, ofisi ya serikali ya watu milioni haijafika moja imetengeneza mfumo ambao fundi wa nguo aliye upande wa pili wa dunia anautumia bila kumpigia mtu simu.

Kuna karatasi nyingine inaitwa Operating Agreement, mkataba wa ndani wa kampuni, nani anamiliki nini na nani anaamua. Jimbo haliitaki kabisa, usiitume, lakini benki wataiuliza. Yangu ni kurasa chache nimeandika kwa Kiingereza rahisi nikasaini. Watu wanaiuza hiyo kwa laki nne.

Baada ya hapo ukaja mlima, na hapa nyota zinapungua, ila si za Wyoming. Kampuni inahitaji EIN, ndio namba ya kodi, kama TIN ya URA, watu wa kodi wa Uganda, na inatolewa na IRS, watu wa kodi wa Marekani. Ni BURE. Naandika kwa herufi kubwa kwa sababu nimeona mtu ametozwa dola 200 kwa hiyo namba. Shida ni kwamba sisi ambao hatuna namba ya hifadhi ya jamii ya Marekani hatuwezi kuipata kwenye tovuti yao papo hapo, lazima ujaze fomu SS-4 uipeleke kwa faksi ama kwa posta ama uwapigie. Faksi, siku hizi! Hapa mjini kupata mashine ya faksi inayofika nje ni kazi, nikatumia huduma ya kutuma faksi kupitia intaneti, dola chache tu, na inakupa namba ya kupokelea majibu. Kwenye fomu, mstari wa 7a andika jina lako wewe binadamu, si la kampuni, mstari wa 7b ambapo wanataka namba ya Mmarekani andika "Foreign", na aina ya kampuni weka alama kwenye Other uandike kwamba ni foreign-owned U.S. disregarded entity. Hayo maneno usiyabadilishe. Andika kwa kompyuta usiandike kwa mkono, faksi inakula wino na 1 inaonekana kama 7. Majibu yanachukua wiki kadhaa, yangu yalikaa mpaka nikaamua kupiga ile laini yao ya watu wa nje, inaanza saa kumi na mbili asubuhi ya kwao ambayo kwetu ni saa saba mchana, ama saa nane wakibadilisha saa zao. Si laini ya bure kwa hiyo weka eataimu ya kutosha na uwe na nakala ya fomu mbele yako kwa sababu watakuuliza mstari kwa mstari. Mama aliyenipokea alikuwa mpole kweli, alinisubiri nikitamka majina ya kwetu herufi kwa herufi. Ukipata karatasi yenye EIN itunze kama hati ya kiwanja.

Sasa kitu ambacho kimeniumiza roho kwa ajili ya wengine, na ndio sababu kubwa ya mimi kukaa kuandika yote haya. Yule bwana wa mjini na wengine wengi kama yeye wanakufungulia kampuni wanakuachia cheti wanaondoka, na hakuna anayekutajia fomu 5472. LLC ya mtu mmoja ambaye si Mmarekani, hata kama haidaiwi kodi hata senti moja, kila mwaka ambao kuna hela imepita kati yako na kampuni lazima ipeleke hiyo 5472 ikiwa imebandikwa kwenye ukurasa wa fomu 1120, na hela ni pamoja na ile uliyotoa mfukoni kuianzisha, kwa hiyo mwaka wa kwanza karibu kila mtu anaingia. Mwisho ni tarehe 15 Aprili kwa mwaka ulioisha Desemba, unaweza kuomba kuongezewa muda kwa fomu 7004. Faini ya kutopeleka ni dola 25,000. Si kosa la uchapaji, elfu ishirini na tano za dola, na sharti hili liko tangu mwaka wa kodi wa 2017. Namjua kijana wa kutengeneza programu, amefungua LLC kwa broka, ana karibu miaka miwili hajawahi kusikia hiyo fomu, nilimwonyesha akanyamaza. Mtu anayekuuzia mlango bila kukuambia kuna shimo nyuma yake hajakusaidia. Mimi hii sehemu sikufanya peke yangu, nilimlipa mhasibu anayejua kodi za wageni na hiyo hela siijutii, na kama una hela ya kulipia kitu kimoja tu kwenye safari hii yote lipia hapo.

Kuhusu kodi yenyewe, kwa mtu kama mimi ambaye kazi yote inafanyika Uganda, sina ofisi wala mfanyakazi kule, kwa kawaida Marekani haitozi kodi mapato hayo kwa sababu hayahesabiwi yametoka kwao, lakini biashara zinatofautiana, ukiwa na stoo ya bidhaa kule ama watu wanakufanyia kazi kule hesabu inabadilika, muulize mhasibu. Na URA usiisahau. Mkazi wa Uganda anatozwa kodi kwa mapato ya dunia nzima, kampuni iwe Wyoming iwe mwezini, na ritani ya mtu binafsi unaipeleka ndani ya miezi sita baada ya mwaka wa fedha kuisha Juni 30, yani mwisho wa Desemba. Kuna watu wanauza LLC wakisema utaikwepa URA, hao kaa nao mbali.

Ile habari ya BOI iliyotisha watu mwaka 2024, kutaja wenye kampuni kwa FinCEN, ofisi ya Marekani inayofuatilia uhalifu wa fedha, Machi 2025 waliiondoa kwa kampuni zilizosajiliwa ndani ya Marekani. LLC uliyosajili Wyoming hesabu yake ni ya ndani. Broka akikutoza hela ya BOI leo mwambie akuonyeshe sheria.

Benki ndio sehemu ningekwambia uanze nayo, kabla hata ya kutafuta jina. LLC haikuletei akaunti ya benki, haikuletei viza, haikuletei chochote cha zaidi ya kampuni. Benki za kimtandao zinazofungulia wageni zina orodha ya nchi ambazo hazichukui wenye kampuni wanaoishi huko, na orodha inabadilika bila taarifa. Moja ilinikataa kwa mstari mmoja tu wa imeli, hawakusema kwa nini. Nyingine ikakubali, wakataka cheti, karatasi ya EIN, ule mkataba wa ndani, pasipoti na maelezo ya biashara, nikawatumia na picha za paterni zetu kabisa. Waandikie kwanza uwaulize, "mimi naishi Uganda, nina pasipoti ya Uganda, LLC ya Wyoming, mnanichukua?" Jibu likiwa hapana pande zote, usifungue kampuni, utakuwa na cheti kizuri cha kuweka ukutani na dola 60 kila mwaka.

Na ukiwa unauza hapa ndani, duka Kikuubo, saluni Wandegeya, chakula cha sherehe, wateja wanakulipa kwa mobile money, hii yote haikuhusu, nenda URSB, mfumo wao nao siku hizi uko onlaini na tangu sheria ya kampuni ya 2012 mtu mmoja anaruhusiwa kuwa na kampuni peke yake. Sisi pia tuko na jina letu pale kwa wateja wa hapa.

Ripoti ya mwaka ya Wyoming nimeshapeleka, inadaiwa siku ya kwanza ya mwezi ule uliosajili, ni maswali machache na kadi, na ukikaa siku 60 bila kuipeleka wanaifuta kampuni. Wao wanatuma ukumbusho kwa imeli lakini usitegemee hiyo, weka kwenye simu yako. Yetu imewekwa kwenye simu zote mbili, yangu na ya dada.